Ujumbe Ambao Sikuufikisha

Simu iliingia saa tatu usiku, Jumanne moja ya mwezi Juni mwaka 2009, nikiwa nimeketi kitandani chumbani mwangu mtaani Kayole nikishona kifungo cha vazi la askari. Prodyusa wa kikundi chetu cha maigizo hakuwa mtu wa salamu ndefu. Alisema kwamba shule ya Murang'a tuliyotarajiwa kesho yake imeomba onyesho lianze mapema kwa sababu alasiri wanafunzi wana mtihani, kwa hiyo gari lingeondoka mbele ya jumba la Kumbukumbu za Kitaifa saa kumi na moja alfajiri, wala si saa moja asubuhi kama tulivyokuwa tumeagana, na atakayechelewa ataachwa. Akaongeza, "Mwambie na mwenzako," kisha akakata simu.

Mwenzangu alikaa chumba cha pili, ukuta mmoja tu kati yetu. Simu yake ilikuwa imechopolewa ndani ya matatu wiki iliyotangulia, na tangu siku hiyo kila ujumbe wa kikundi ulimfikia kupitia kwangu. Nilikuwa nikimsikia akikohoa, akisogeza sufuria, akirudia mistari yake kwa sauti ya chini kama alivyofanya kila usiku, ingawa nafasi hiyo alikuwa ameiigiza zaidi ya mara mia. Ningeugonga ukuta angeitika. Sikuugonga.

Kwa miaka kadhaa sasa vijana wanaotaka kuingia katika sanaa ya jukwaa wamekuwa wakinijia kuniuliza jinsi ya kujikinga na walaghai, nami nimekuwa nikiwasimulia habari za malipo yasiyolipwa, ahadi za runinga na simu zinazozimwa msimu unapokwisha. Mambo hayo yalinipata na nitayaeleza hapa. Hata hivyo, nimekuwa nikiyasimulia kana kwamba nilikuwa nimesimama kando tu nikaja kuibiwa, na kwa kusimulia hivyo nimewanyima vijana hao jambo lenye manufaa zaidi kwao. Ulaghai ulionipata uliingia kwa mlango nilioufungua mwenyewe usiku ule, na mtu asiyeanzia hapo hawezi kuelewa kwa nini nilikaa katika kikundi kile miezi mingine minne nikidhulumiwa na huku nimefunga kinywa.

Nilizaliwa Likoni. Tamasha za kitaifa za drama za shule zimekuwapo nchini Kenya tangu mwaka 1959, na kwa mtoto ambaye hana mbio za kumpeleka uwanjani wala alama za kumpeleka udaktari, tamasha hizo ni mlango wa kuonekana. Nilifika ngazi ya kitaifa nikiwa kidato cha tatu. Nilisema maneno yangu ya mwisho mbele ya ukumbi uliojaa hadi madirishani, na kabla makofi hayajaanza pakapita kimya cha pumzi moja au mbili. Kimya kile ndicho nilichokifuata Nairobi katikati ya mwaka 2008, nchi ikiwa bado inajiuguza baada ya ghasia za uchaguzi, nikiwa na mfuko mmoja wa nguo na anwani ya binamu yangu.

Ukumbi wa Kitaifa wa Michezo ya Kuigiza ulifunguliwa mwaka 1952, zama za ukoloni, karibu na mahali ambapo leo pana Chuo Kikuu cha Nairobi. Sisi wa vikundi vidogo hatukuwa na uwezo wa kulipia ukumbi wenyewe, kwa hiyo tulifanyia mazoezi nje, kila kikundi chini ya mti wake, na mtu akipita pale saa nane mchana alisikia tamthilia tatu zikigombania hewa moja. Huko ndiko nilikochukuliwa na kikundi kilichoigiza vitabu teule. Wasioujua mtindo huu huenda wakashangaa kusikia kwamba sehemu kubwa ya uigizaji wa jukwaani unaowalipa vijana nchini Kenya haifanyiki katika kumbi za mjini, bali katika shule za upili. Wanafunzi wa kidato cha tatu na cha nne hutahiniwa fasihi katika karatasi ya tatu ya Kiswahili, na shule huwaalika waigizaji ili kitabu kitoke kwenye kurasa na kusimama mbele ya watoto. Tamthilia ya wakati ule ilikuwa Kifo Kisimani ya Kithaka wa Mberia. Tuliiigiza kwa muda wa saa moja na nusu hivi, mara nyingi katika ukumbi wa maakuli, meza zikiwa zimesukumwa ukutani na harufu ya maharagwe ikiwa haijatoka. Tulikuwa tisa. Mimi nilikuwa askari, kisha mwanakijiji, kisha askari tena.

Anayeijua tamthilia hiyo anakumbuka kwamba Mwelusi, kijana anayeupinga utawala wa Mtemi Bokono katika nchi ya Butangi, anatiwa gerezani na kuteswa, na kwamba hatimaye anayemuua ni Gege, ndugu yake mwenyewe, aliyeshawishiwa kwa ahadi. Nimewahi kuulizwa na mwalimu mmoja iwapo kuisikia hadithi hiyo mara mbili kwa siku hakukunizuia kufanya nililolifanya. Hakukunizuia hata kidogo. Nilisimama nyuma ya pazia la leso nikimsikia mtu akiuzwa na nduguye kwa ahadi, na akili yangu yote ilikuwa kwenye kofia ya askari niliyokuwa naitafuta gizani. Mtu aliye nyuma ya pazia hasikii tamthilia; husikia neno linalomwita atoke.

Aliyeigiza Mwelusi alitoka Busia na alinizidi kwa miaka kumi. Tulikuwa na desturi ya kuitana kwa majina ya wahusika, kwa hiyo hata mtaani nilimwita Kaka Mwelusi, naye aliniita mdogo wangu. Kila mmoja alikuwa na cha kumpa mwenzake. Mimi nilimrekebishia "dh" na "gh" zake, kwa kuwa walimu wa Kiswahili hawasamehe matamshi. Yeye alinifundisha kupumua kwa tumbo, kuifikisha sauti safu ya nyuma bila kupiga kelele, na kutokula chapati kabla ya onyesho. Alikuwa na mnyororo wa baiskeli alioununua kwa fundi, akauchemsha kwa sabuni mpaka mafuta yakatoka, na kabla ya onyesho la gerezani aliufunga kwenye kifundo cha mguu juu ya kipande cha sweta kuukuu ili usimkate. Akitokea upande wa kushoto, mnyororo ulikwaruza sakafu ya saruji. Alipiga hatua chache, akasimama, akausubiri mnyororo unyamaze, ndipo akasema neno lake la kwanza. Katika kila shule, watoto mia tano au mia sita waliokuwa wakinong'onezana walinyamaza pamoja na ule mnyororo. Nilikuwa nimesimama kando yake na rungu la askari mkononi, na kila siku nilikitamani kimya kile kiwe changu.

Prodyusa aliitambua tamaa hiyo mapema. Hilo ndilo nililokuja kulielewa kuhusu watu wa aina yake: hawana haja ya kukupandikizia tamaa, kwa sababu umekuja nayo kutoka kwenu na umeibeba mahali panapoonekana. Tukirejea kutoka shuleni alipenda kuniketisha kiti cha mbele, kati yake na dereva, kisha aniambie polepole kwamba sauti kama yangu si ya askari, kwamba Mwelusi mwenye Kiswahili cha pwani angeweza kuwatoa watu machozi, na kwamba kuna watu wa runinga wanaokuja kulitazama onyesho mwezi ujao. Watu hao hawakuwa na majina, na mwezi ujao haukuwa na tarehe. Baadaye sana niligundua kwamba binti aliyeigiza sehemu za wanawake vijana naye alikuwa ameahidiwa watu haohao, katika kiti hichohicho, siku ambazo mimi niliketi nyuma. Siku hizi nikisikia kijana amesifiwa, huuliza alisifiwa wapi na nani alikuwa akisikia. Sifa inayonong'onezwa garini aghalabu huwa na jina la mtu mwingine ndani yake, yule ambaye ingefaa aondoke ili wewe upate nafasi.

Alikuwa na silaha nyingine, na hii ndiyo inayoniuma mpaka leo kwa sababu aliitengeneza kwa vitu tunavyoviheshimu. Tulipouliza habari za malipo, alitukusanya akatukumbusha kwamba Ngũgĩ wa Thiong'o alikamatwa mwishoni mwa Desemba 1977, wiki chache baada ya tamthilia aliyoiandika pamoja na Ngũgĩ wa Mĩriĩ kupigwa marufuku kule Kamĩrĩĩthũ, akakaa kizuizini karibu mwaka mzima bila kufikishwa mahakamani. Kwamba Alamin Mazrui naye, baada ya kuandika Kilio cha Haki, aliwekwa kizuizini mwaka 1982. Halafu akatuuliza kwa upole kama wazee hao walilipwa nauli. Yote aliyoyasema kuhusu wazee hao yalikuwa kweli. Nilikuwa na umri wa miaka ishirini na mmoja, na niliona haya kuuliza habari ya shilingi mia saba mbele ya majina makubwa kiasi hicho. Sikupata akili ya kumjibu kwamba walioteseka kwa ajili ya sanaa waliteswa na wenye nguvu, na kwamba pale chini ya mti mwenye nguvu alikuwa yeye.

Kaka Mwelusi ndiye pekee ambaye hotuba hiyo haikumnyamazisha. Makubaliano yetu ya mdomo yalikuwa shilingi 1,000 kwa kila onyesho, nasi tulikuwa tukipewa 300, "ya chakula," salio likingojea hundi za shule ziive benki. Yeye alikuwa na daftari dogo la kurasa za miraba ambamo aliandika jina la kila shule na idadi ya wanafunzi waliokaa ukumbini, akihesabu safu kabla ya kutoka jukwaani. Juma lile la Juni alikuwa amekwisha kubaliana na wenzetu watano kwamba Jumamosi angezungumza na Prodyusa kwa niaba ya wote, akiwa na daftari mkononi. Mimi nililijua hilo. Usiku wa Jumanne nilipoishika ile simu nililijua vizuri, na nikaliweka kando kama mtu anavyosogeza kiti kinachomzuia njia.

Niliondoka chumbani saa tisa na nusu usiku nikiwa nimevua viatu, nikavishika mkononi mpaka nilipolipita jiko lake la makaa lililokuwa karibu na mlango. Hapakuwa na mwanga chini ya mlango wake. Nakumbuka ubaridi wa sakafu ya korido kuliko ninavyokumbuka maneno yoyote niliyoyasema jukwaani siku ile.

Pale Kumbukumbu, Prodyusa aliuliza mwenzangu yuko wapi. Nilijibu kwamba nimempigia hodi hakuitika, pengine hakulala nyumbani. Alinitazama kwa muda, kisha akaniuliza kama naijua nafasi ya Mwelusi. Nikamwambia naijua yote. Hakuuliza zaidi. Askari akachukuliwa na dereva, aliyekuwa ameliona onyesho mara nyingi kiasi cha kujua pa kusimama.

Mnyororo haukuwapo. Mwenyewe alikuwa nao mkobani, na mkoba alikuwa nao nyumbani Kayole. Nikafunga kamba ya katani mguuni. Kamba hailii. Nilitokea upande wa kushoto kama alivyotokea yeye, nikapiga hatua kama zake, nikasimama kama alivyosimama, nikiwa nimemnakili kila kitu isipokuwa ule mkwaruzo uliowanyamazisha watu. Wasichana wa Murang'a walinisikiliza kwa adabu na wakapiga makofi mwishoni. Kimya nilichokuwa nimekitafuta tangu Likoni hakikuja. Nikajiambia kwamba kitakuja kesho.

Baada ya onyesho watoto walituzunguka. Prodyusa alikuwa na kawaida ya kuwaambia walimu kwamba baadhi yetu ni waigizaji wa runinga, jambo lililomwezesha kutoza shilingi 150 kwa kila mwanafunzi pale ambapo vikundi vingine vilitoza 100. Msichana mmoja wa kidato cha tatu alinyoosha daftari lake la Kemia, akaniomba nitie sahihi, akaniuliza naonekana katika kipindi kipi. Ningeweza kusema kweli wakati ule na hakuna ambaye angeumia. Nikamwambia kipindi changu bado kinarekodiwa. Nikatia sahihi, kwa kalamu yake, kwa jina ambalo nilikuwa nimejitungia.

Kwa nini nalitaja jambo dogo kama hilo? Ni kwa sababu watu husema kwamba jukwaa lenyewe ni mahali pa uongo, kwa hiyo si ajabu likizaa waongo, na mimi nadhani wanakosea. Nikivaa vazi la askari mbele ya wanafunzi mia sita, kila mmoja anajua kwamba mimi si askari na amekubali kuniamini kwa saa moja na nusu, hakuna anayetapeliwa. Uongo ulianza pale nilipovua vazi. Yule msichana hakuwa amekubali lolote.

Kaka Mwelusi alifika Kumbukumbu saa kumi na mbili na nusu, nusu saa kabla ya wakati alioambiwa mara ya mwisho, akangoja na mkoba wake mpaka saa tatu. Siku iliyofuata alimwendea Prodyusa kujieleza, akaapa kwamba hakupata habari ya mabadiliko yoyote. Prodyusa alielewa papo hapo yaliyotokea, kwa kuwa yeye ndiye aliyekuwa amenipigia. Hakumwambia. Alimwambia kwamba mtu mzima asiyeweza kuamka hafai kupewa nafasi kubwa, akamfukuza siku hiyohiyo. Jumamosi ikafika, hapakuwa na daftari wala mtu wa kulisoma. Wale watano walitazamana, wakaendelea kufunga maleba.

Nilichukua muda mrefu kuliona jambo hili lilivyo. Nilidhani nimemlaghai mwenzangu ili nipate nafasi, na kweli niliipata. Lakini aliyefaidika kwa ule ukimya wangu wa usiku mmoja alikuwa Prodyusa. Alikuwa na mtu mmoja aliyemsumbua, na hakuhitaji kumwondoa mwenyewe, kwa sababu alikuwa na kijana kiti cha mbele ambaye angemwondoa bure.

Mwezi Julai, katika shule moja ya bweni, mhasibu aliniita nitie sahihi kwenye vocha kwa sababu Prodyusa alikuwa nje akizungumza na simu. Wanafunzi 640, shilingi 150 kila mmoja, jumla shilingi 96,000, imelipwa leo kwa hundi. Nilisimama pale nikifanya hesabu ambayo Kaka Mwelusi alikuwa ameifanya mwezi mzima kabla yangu. Waigizaji tisa kwa 1,000 ni 9,000. Gari na mafuta, hata tukikadiria kwa ukarimu, 8,000. Hata angetulipa kila senti tuliyokubaliana, angebaki na zaidi ya shilingi 75,000 kwa asubuhi moja, na alasiri tulikuwa na shule nyingine.

Jioni ile nilimwambia kwamba nimeiona vocha. Hakukasirika. Alipunguza sauti ya redio, akasema, "Kijana, mimi na wewe tunajuana. Au unataka tumwite mwenzako wa Kayole tuzungumze wote watatu?" Dereva aliendelea kutazama barabara. Nilinyamaza kutoka Thika mpaka Nairobi, na nilinyamaza kwa msimu wote uliobaki.

Kumbe siri yangu ndiyo iliyokuwa mkataba wetu wa kweli. Kwa hiyo nikiwasikia watu wakishangaa kwamba waigizaji wenye vipaji na elimu yao huvumilia kudhulumiwa miaka na mikaka, siulizi tena kama hawajui haki zao. Najiuliza ni kitu gani walikifanya ili wapate nafasi, ambacho mwajiri wao anakijua: pengine mmoja alikubali kuandikwa kama mtunzi wa mswada asioutunga, mwingine alishuhudia binti akisumbuliwa faraghani akajifanya hakuona. Vitu hivyo huonekana kama bei ndogo ya kuingilia, na kila mtu huamini kwamba akishapata jina atavifuta. Nilipokuwa Mwelusi, nikiwa na bango lenye picha yangu katika korido za shule, nilikuwa na uwezo mdogo wa kusema kuliko nilipokuwa askari wa rungu.

Msimu ulikwisha Oktoba, mitihani ilipokaribia. Nilikuwa nimeigiza maonyesho 41 tangu ile siku ya Murang'a. Kwa hesabu ya makubaliano yetu nilistahili shilingi 41,000. Nilikuwa nimepokea 12,300. Prodyusa alituambia kwamba zilizobaki angezituma kwa M-Pesa kabla ya wiki kwisha. Wiki ilikwisha. Nilipopiga simu, sauti ya mwanamke iliniambia kwamba mteja wa nambari niliyopiga hapatikani kwa sasa, na niliendelea kuisikiliza sauti ile kila siku mpaka katikati ya Novemba. Watu wa runinga hawakuonekana hata mara moja.

Nyumbani mambo yalikuwa magumu zaidi. Kaka Mwelusi alikuwa bado chumba cha pili. Alikuwa amepata vibarua vya kupakua mizigo Gikomba, akirudi jioni na mabega yamemvimba, na akinikuta mlangoni aliniuliza onyesho limekwendaje. Aliniuliza kwa dhati. Aliniambia mara moja kwamba haelewi ilikuwaje akalala vile, kwamba labda mtu alibisha hodi naye hakusikia, na kwamba anajilaumu. Nami nilikuwa namtazama akijilaumu. Desemba alirudi Busia, akaniachia lile jiko la makaa.

Nilikaa nje ya sanaa miaka minne, nikiuza vifaa vya simu na baadaye nikifundisha Kiswahili katika kituo cha masomo ya ziada. Mwaka 2014 nilianzisha kikundi changu, nacho kingali hai. Tumeigiza Mstahiki Meya, tumeigiza Kigogo, na sasa Bembea ya Maisha. Tuna mkataba wa ukurasa mmoja, kwa Kiswahili, ambao kila mwigizaji anaubeba nyumbani ausome kabla ya kutia sahihi. Tunaomba idhini kwanza, kwa kuwa Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 haimruhusu mtu kuigiza kazi ya mwenzake hadharani kwa jinsi apendavyo. Risiti ya shule husomwa kwa sauti ndani ya gari kabla gari halijatoka langoni. Na wakati wa kuondoka ukibadilika, sipitishi ujumbe kwa mtu. Humpigia kila mmoja mwenyewe, hata ikiwa ni saa sita usiku, na asiyepokea humfuata mlangoni. Vijana hulalamika kwamba huo ni usumbufu, nami sijawahi kuwaeleza sababu.

Nilimwona tena mwaka 2018, kwenye tamasha za drama, ambako wote wawili tulikuwa tumekodiwa kufunza shule. Alikuwa ameketi juu ya kreti ya soda nyuma ya lori la mapambo, akimfundisha mvulana mmoja kupumua kwa tumbo. Mvi zilikuwa zimemwingia kidevuni. Alisimama, akanikumbatia, akaniita mdogo wangu, na akamwambia yule mvulana kwamba huyu ndiye aliyenifundisha kusema "dhahabu".

Nilingoja mpaka mvulana akaondoka, nikamweleza yote: simu ya saa tatu, viatu mkononi, hodi ambayo sikuipiga, maneno ya Prodyusa garini. Nilikuwa nimejiandaa kwa hasira na nilikuwa nimejiandaa kwa msamaha, kwa kuwa mtu aliyezoea jukwaa hujiandalia majibu ya wenzake. Yeye alikaa tena juu ya kreti, akaitazama mikono yake kwa muda mrefu. Ndani ya ukumbi watu walikuwa wakipiga makofi, na mahali fulani mtangazaji alikuwa akiita shule iliyofuata.

"Ile sehemu ya gerezani," aliuliza hatimaye, "uliiingiaje?"

Nikamwambia niliingia kama yeye. Upande wa kushoto, hatua mbili, kisha nikasimama.

Akatikisa kichwa. "Zilikuwa tatu," akasema.